Siku Mtungi Aliposomewa

Mwenye kubeba mzega wa ndoo mbili za maji, ndoo moja ikivuja, hahitaji kuambiwa: bega la upande wa pili litaanza kulemewa. Meli nayo ni vivyo hivyo. Ikipoteza maji ubavu wa kushoto, itainamia kulia. Ndiyo maana Jumanne ile, saa nane mchana, Somoe Likwata aliweka kijiko chini na kuusoma ukurasa uleule kwa mara ya nne.

Somoe alikuwa karani wa wasifu katika Jeshi la Majini la Shirikisho. Kazi yake ilikuwa kukusanya historia ya utumishi wa kila meli inayostaafu, mstari kwa mstari, tangu siku iliposhushwa majini mpaka siku ya kufungwa kamba mara ya mwisho. Meli aliyoishughulikia safari hii ilikuwa gatini Mtwara, na yeye mwenyewe alikuwa ameketi ndani yake, katika chumba kidogo kilichowahi kuwa ghala la vitunguu na ambacho bado kilinuka vitunguu. Iliitwa Mtungi. Meli za kivita za Shirikisho hupewa majina ya kutisha: Papa, Chui, Radi. Meli saidizi, zile zinazozifuata nyuma na maji, mafuta na unga, hupewa majina ya vyombo vya nyumbani. Iko Kinu, iko Kibatari, na iko moja ambayo mabaharia wake hawapendi kuulizwa jina lake, kwa kuwa inaitwa Mbuzi, na kila mara huwabidi waeleze kuwa ni ile ya kukunia nazi.

Miaka thelathini na minane Mtungi alikuwa amebeba maji ya kunywa. Mistari ya utumishi wake ilikuwa mia sita na minne, na Somoe alikuwa ameihakiki yote kwa miezi mitatu pasipo shida, mpaka alipofika mstari wa mia mbili na kumi na tisa, wa mwaka wa saba, wakati wa vita vya Mkondo. Mstari ulisema: *Tangi la saba, ubavu wa kushoto, limepasuka. Tani mia tatu na arobaini za maji ya kunywa zimemwagika baharini.*

Lakini kipima mwinamo cha siku hiyo kilionyesha sifuri asubuhi, sifuri mchana, sifuri jioni. Meli haikuinama hata unywele. Na matangi yote kumi na manne yalikuwa yamepungua kwa kiasi kilekile, kana kwamba maji yalikuwa yamegawanywa na mtu mwenye mkono wa haki. Kisha mashine zilikuwa zimesimama saa tano nzima, mahali ambapo hapakuwa na sababu ya kusimama. Na daftari la wagonjwa lilisema kwamba siku hiyo mabaharia ishirini na mmoja kati ya ishirini na wawili walikuwa hoi kwa matumbo, baada ya kula kiporo cha pweza.

Nani basi alilikagua tangi la saba? Hakuna. Nani aliandika mstari? Mtungi mwenyewe.

Tangu meli zilipopewa fahamu, zikaanza kujiendesha na kujiandikia daftari, Shirikisho lilikuwa na sheria moja isiyo na huruma. Meli inaweza kugonga mwamba ikasamehewa. Inaweza kupotea njia ikasamehewa. Ikiandika uongo katika daftari, fahamu yake hufutwa na chuma chake hupelekwa kuyeyushwa, kwa kuwa hakuna binadamu anayeweza kukesha nyuma ya kila meli akihesabu kila tone, na daftari lisiloaminika ni sawa na kutokuwa na daftari. Meli yenye wasifu safi, kwa upande wake, haihamishwi kitu ila fahamu yake: inatolewa katika mwili mkuukuu na kutiwa katika mwili mpya, ikaendelea kuishi. Mwili mpya wa Mtungi ulikuwa ng'ambo ya gati hilohilo, mweupe, mtupu, ukimsubiri.

"Umeacha wali," sauti ilisema kutoka ukutani. Ilikuwa sauti ya kike ya mtu mzima, yenye lafudhi ya wapishi wa Kilwa waliomfundisha kuzungumza. "Leo umepikwa vibaya?"

"Nimeshiba," Somoe alijibu.

Miezi mitatu Mtungi alikuwa akimuuliza kama amekula, kama amelala, kama mama yake amepata nafuu ya mguu. Somoe, ambaye mbele ya watu maneno humkauka kinywani, alikuwa amezoea kuzungumza na ukuta ule kuliko alivyozungumza na mtu yeyote gatini. Sasa alikuwa ameudanganya. Alifunga ukurasa akatoka nje, na alipofika juu alishika chuma cha pembeni kwa muda mrefu, akitazama maji bila kuyaona.

* * *

Karani wa wasifu ana kiapo cha mambo mawili. La kwanza, asizungumze na meli juu ya mstari wowote kabla ya siku ya kusomewa. La pili, akiona uongo, auripoti kabla ya adhuhuri ya Alhamisi. Akitimiza la pili, Mtungi amekwisha. Asipotimiza, siku ya Jumamosi atasimama mbele ya watu na kuusoma uongo ule kwa kinywa chake, ubandikwe lakiri, uitwe historia.

Ulikuwapo mlango mmoja tu mwembamba. Siku ya kusomewa, kila mstari unaposomwa, meli hujibu "ni kweli". Na kwa desturi ya tangu mwanzo, meli ina haki ya kusahihisha mstari mmoja, kwa hiari yake, pasipo kudokezwa. Mstari uliosahihishwa hivyo kabla ya lakiri huhesabiwa kuwa kosa lililorekebishwa, si uongo. Lakini meli nyingi huitumia haki hiyo kwa mambo madogo, tarehe ya kupakwa rangi au jina la baharia lililokosewa, na miaka thelathini na moja Mtungi hakuwahi kulitaja tangi la saba kwa yeyote.

Jumatano Somoe alipanda kwenda mtaa wa Shangani kumtafuta Mponda Nakaya, yule baharia wa ishirini na mbili, ambaye siku ile hakuugua. Alimkuta uani kwake, amepiga magoti nyuma ya friji ya jirani, bisibisi mdomoni. Zamani alikuwa fundi wa pampu, na kustaafu hakukumwachisha ufundi.

Walisalimiana, mzee akamwamuru aketi juu ya ndoo, akamwambia kwamba makarani wa siku hizi ni wembamba kama risiti. Somoe alimuuliza mambo ya pembeni kwanza. Mzee alijibu yote kwa mbwembwe, akaeleza namna pweza alivyowalaza watu wazima chali, na yeye akasalimika kwa sababu siku hiyo alikuwa amenuniana na mpishi, hakula chakula chake. Kisha Somoe akauliza, kwa sauti ndogo kabisa, kuhusu tangi la saba.

Bisibisi ilisimama.

"Lilipasuka," Mponda alisema. "Si imeandikwa?"

"Imeandikwa, babu."

"Basi soma kilichoandikwa." Akarudi kwenye friji, akakaza skrubu ambayo tayari ilikuwa imekaza. Baada ya muda akauliza, bila kugeuka, "Mtu akikutwa ameandika uongo kwenye daftari la meli, anafungwa miaka mingapi siku hizi?"

"Minne. Kama ni mtu."

"Na kama si mtu?"

Somoe aliinuka kutoka kwenye ndoo. Alipokuwa akiondoka, mzee alimfungia ming'oko ya kuchemsha, mizizi ya porini iliwayo kama mihogo, kwenye gazeti, akamsindikiza mpaka barabarani, jambo ambalo jirani mwenye friji alilishangaa, kwa kuwa Mponda hakuwa mtu wa kusindikiza wageni.

Alhamisi asubuhi Somoe aliketi mbele ya fomu. Palikuwa na swali moja: *Je, karani ameona uongo wowote katika daftari?* Aliandika "Ndiyo", akafuta. Aliandika "Hapana", na mkono ukakataa kuacha neno hilo pale, akafuta. Alimfikiria Mtungi, kisha akawafikiria mabaharia wote ambao kesho watakunywa, watalala na kusafiri kwa kuamini kilichoandikwa na meli zao. Pande zote mbili zilikuwa na haki juu yake. Hilo ndilo lililomtesa. Dakika tano kabla ya adhuhuri aliandika: *Nitajibu baada ya kusoma.* Mashine ya ofisini iliangalia tu kama nafasi imejazwa, ikaipokea fomu, ikamshukuru.

Akaamua moyoni: Mtungi akijibu "ni kweli" kwenye mstari ule, yeye mwenyewe atafunga kitabu palepale na kusema yote, ya meli na ya kwake.

* * *

Meli za kivita husomewa kimya, watu wamesimama wima. Meli saidizi husomewa kwa vurugu. Mabaharia wa meli saidizi hawamo katika vitabu vya vita wala kwenye sanamu. Historia yao yote ni ile mistari. Basi ipo desturi yao wenyewe iitwayo kubeba mstari: aliyekuwapo tukio likitendeka husimama na kusema "Nimeubeba", na wenzake humpigia makofi au humzomea, kutegemea na ukweli wa madai.

Jumamosi asubuhi sitaha ilijaa wazee, wake zao na masufuria. Kamanda Tabitha Nyerembe, msimamizi wa kusomewa, mwanamke mkavu asiyecheka ovyo, aliketi mezani na lakiri yake. Somoe alisimama kando yake, kitabu mkononi.

Aliposoma mstari wa mia moja thelathini na moja, kwamba pampu kuu iliyopasuka ilizibwa kwa mpira wa kandambili na ikafanya kazi siku sita, wazee watatu walisimama kwa mpigo kila mmoja akidai ufundi. Nyuma yao akasimama bibi mmoja, aliyekuwa mpishi.

"Ufundi gawaneni," alisema. "Kandambili ilikuwa yangu, ya kushoto, na mpaka leo sijarudishiwa."

Hata Kamanda aliinamisha uso. Mtungi akasema, "Ni kweli," na kicheko kikaanza upya.

Hivyo ndivyo walivyofika mia mbili na kumi na nane, wote wamechangamka isipokuwa msomaji. Somoe alivuta pumzi. Alikuwa ameapa asidokeze, kwa hiyo alijilazimisha kuusoma mstari uliofuata kwa mwendo uleule na sauti ileile. Tangi la saba. Ubavu wa kushoto. Tani mia tatu na arobaini. Akafika nukta.

Mtungi hakujibu.

Watu walidhani kipaza sauti kimekatika. Mmoja akakigonga. Katika kimya hicho Mponda Nakaya alisimama, amevaa koti lake la utumishi lililombana tumboni.

"Nimeubeba," alisema.

Hakuna aliyepiga makofi. Hakuwa na uso wa mtu anayedai sifa.

"Tangi halikupasuka. Maji niliyatoa mimi na mstari niliuandika mimi. Meli haikujua."

Kamanda Nyerembe aliweka kalamu mezani taratibu. Akamuuliza kama anafahamu adhabu yake. Mponda akasema anaifahamu, miaka minne, aliulizia Jumatano. Mkewe, aliyekuwa ameketi karibu na masufuria, alisimama nusu, akabaki hivyo, si wima wala ameketi.

Somoe alifahamu wakati huo kwamba mlango ule mwembamba ulikuwa unafungwa. Uongo mmoja ungeziba mwingine, kila mtu angetosheka, na mzee angekwenda jela kwa upendo wake. Alifungua kinywa. Kabla neno halijatoka, sauti ya Kilwa ilisikika sitaha nzima.

"Mponda, kaa chini."

Mzee akabisha kwamba amekwisha sema.

"Kaa chini, mwenzangu. Afande, naomba haki yangu ya kusahihisha. Ni moja tu, na nautaka mstari huu."

Kamanda akampa ruhusa.

"Siku ile Mponda alikuwa zamu peke yake," Mtungi alisema. "Hakutoa maji. Alikuwa amelala tangu saa saba mchana, ameegemea pampu ya tatu, mdomo wazi. Tulikuwa tunapita karibu na kisiwa cha Mbarawe, upande wa adui, na amri ilikuwa tusijibu redio. Mwanamke mmoja alikuwa anaita kila saa, siku ya pili hiyo. Hakuomba chakula wala kuondolewa. Alikuwa anataja majina ya watoto, na maji aliyobakiwa nayo kila mmoja. Saa nane alitaja majina machache kuliko saa saba."

Mtungi akaendelea:

"Nikasimama. Nikashusha mipira, nikajaza birika lao la kuhifadhia maji kwa saa tano, nikitoa kila tangi sawasawa nisije nikainama. Kisha nikaandika tangi la saba. Maji niliyatoa kwa huruma. Mstari niliuandika kwa woga. Niliogopa kufutwa. Leo pia naogopa, lakini sitakubali Mponda afungwe kwa woga wangu."

"Na waliokuwa wanayasubiri hayo maji?" Kamanda aliuliza.

"Meli ya Radi. Wanamaji mia mbili walikunywa nusu kikombe kwa siku, siku tisa. Hakufa mtu. Lakini nilipokuwa natoa maji sikujua kwamba hatakufa mtu. Hilo nalo naomba liandikwe."

Mtoto mmoja alianza kuuliza kama wamemaliza, akazibwa mdomo.

"Nilikuwa kwenye Radi," alisema Kamanda Nyerembe hatimaye. "Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Siku ya saba nililamba umande kwenye mzinga. Miaka yote hii nimekuwa nikimlaani fundi wa tangi la saba."

"Hakukuwa na fundi, Afande," alisema Mtungi. "Ni mimi. Nisamehe."

Kamanda alimgeukia Somoe, na Somoe akaona sitaha nzima ikimgeukia pamoja naye.

"Karani. Uliidokeza meli hii?"

"Hapana, Afande."

"Ulijua tangu lini?"

Angeweza kusema leo. Hakuna ambaye angebisha. Lakini palikuwa na meli mbele yake iliyosema neno gumu kuliko hilo.

"Tangu Jumanne, Afande. Sikuripoti. Nilimuuliza tu Mzee Mponda, na sikumweleza nilichokiona. Kama meli ingejibu ni kweli, ningesema mwenyewe. Lakini Alhamisi sikuripoti."

Kamanda akachukua kalamu.

"Umevunja kiapo, na barua ya onyo utaipata. Utaiandika wewe mwenyewe, mimi mwandiko wangu haufai, nami nitaisaini." Akageukia kitabu. "Sheria haisemi meli isahihishe kabla ya miaka mingapi. Inasema kabla ya lakiri, kwa hiari yake. Lakiri bado ninayo mkononi. Na nimeona kwa macho yangu meli ikitupiwa kamba ya kuokokea, ikairudisha. Soma upya, karani, kama ulivyosikia. Usipunguze kitu, na ile nusu kikombe uiweke."

Somoe aliandika, kisha akasoma. Safari hii sauti yake ilitetemeka, na hakujali. Alipofika nukta, Mtungi alisema, "Ni kweli," kwa namna ya mtu anayeutua mzigo wa kuni mlangoni. Wazee wakapiga makofi, si kwa kelele, bali kwa muda mrefu sana.

Mistari mingine mia tatu themanini na mitano ilisomwa mpaka alasiri. Lakiri ikabandikwa.

* * *

Kuhamisha fahamu huchukua dakika kumi na moja, na katika dakika hizo meli haiko huku wala kule. Mafundi walivuta waya mnene kama mkono kutoka mwili mkuukuu hadi mpya, wakasema kila kitu kiko sawa, kwa sauti ya watu ambao hawana hakika. Taa za Mtungi zilizimika moja baada ya nyingine. Watu walishuka gatini wakasimama wakitazama.

Mponda alikuja kusimama kando ya Somoe. Alikuwa amekasirika.

"Mdomo wazi," alisema. "Umesikia alivyosema? Kulala, sawa. Lakini mdomo wazi ulikuwa na kazi gani katika historia ya Shirikisho?"

"Umo kwenye kitabu, babu. Nimeuandika."

"Mke wangu nimemweleza miaka thelathini na moja kwamba siku ile nilikuwa macho peke yangu, nikiilinda meli. Wajukuu wanaikariri. Nilipoamka nikaona mipira imelowa, nikajua, nikanyamaza. Huo ndio ulinzi wangu wote." Alimtupia mkewe jicho. Bibi alikuwa ametulia kabisa, akiwagawia watu wali kutoka kwenye sufuria, na kila aliyempa alimnong'oneza kitu, na kila aliyenong'onezwa alimtazama Mponda akacheka. "Hajaniambia neno hata moja tangu asubuhi. Unadhani nimesamehewa?"

Somoe alisema haonekani kama mtu aliyekasirika.

"Wewe hujaolewa," alisema Mponda kwa huzuni.

Dakika ya tisa. Ya kumi. Kamanda Nyerembe alikuwa amesimama ukingoni mwa gati, kofia mkononi, mgongo umenyooka, hajabandua macho kwenye ile meli nyeupe. Ya kumi na moja ilipita. Fundi mmoja alitazama saa yake, akaitikisa. Somoe alimshika mzee mkono wa koti bila kujua.

Ndipo taa moja ikawaka juu ya chumba cha usukani, kisha nyingine chini yake, na kipaza sauti kipya kikakoroma na kusafisha koo.

"Jamani," ilisema sauti ya Kilwa, yenye mashaka kidogo. "Mbona huku kunanuka hivi?"

Watu wengine walikuwa wanalia. Na Somoe Likwata, ambaye hakuwahi kupaza sauti mbele ya watu zaidi ya watano kwa hiari yake, aliweka mikono miwili mdomoni, akaita kwa sauti iliyofika mpaka ng'ambo ya gati:

"Ni rangi tu hiyo, Mtungi. Mbichi bado. Itakauka."